Siku tisa Dar–Tunduma na kurudi: nilivyojifunza gia za semi

Siku ya kwanza: Dar es Salaam – Morogoro

Nimeendesha Fuso miaka minne. Nyanya za Ilula, vitunguu vya Ruaha Mbuyuni, mbao za Mafinga, vyote nimevishusha Dar kwa gia sita. Kwa hiyo mjomba aliponiita nifuatane naye safari moja kwenye semi, Scania yenye tela ya ekseli tatu, niliamini ninachopungukiwa ni mazoea ya urefu wa tela tu. Leseni ya daraja E ninayo. Kona ninazijua. Njia ya Tunduma naijua hadi Makambako.

Saa kumi na moja alfajiri nilimkuta yadi, Kurasini, anagonga matairi na utingo wake.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba. Panda upande wa usukani. Usiwashe."

Nikapanda. Akapanda upande wa pili, akaniambia nishike kirungu cha gia na nifumbe macho. Tukakaa hivyo karibu saa nzima, injini imezimwa, yeye akitaja gia na mimi nikiitafuta kwa mkono.

Kirungu hicho kina njia tatu tu za kwenda mbele: moja, mbili, tatu. Ukiinua kibao kilicho mbele ya kirungu, njia zile zile tatu zinakuwa nne, tano na sita. Hiyo ndiyo renji. Kikiwa chini ni renji ndogo, kikiwa juu ni renji kubwa. Pembeni mwa kirungu kuna kiswichi kingine, splita, ambacho kinaikata kila gia mara mbili: tatu ya chini na tatu ya juu, nne ya chini na nne ya juu. Sita mara mbili ni 12. Nje ya hizo ipo gia ya kutambaa, ya kung'olea mzigo mahali pabaya, na rivasi.

Vyote viwili vinasukumwa na upepo, lakini kila kimoja kina wakati wake. Splita unaweza kuiteua mapema ukiwa bado unaendelea na safari. Haitafanya kitu mpaka ukanyage klachi hadi mwisho. Renji nayo unaiteua mapema, ila inageuka kirungu kikiwa kinapita frii, pale katikati pasipo na gia. Ukikimbiza mkono kabla upepo haujamaliza kazi, gia inakataa au inakwaruza.

"Mkono uende taratibu pale katikati," mjomba akasema. "Hesabu moja kimoyomoyo. Gari ikubali kwanza, ndipo wewe uingize."

Kisha akanipa hesabu ambayo sikuwahi kuisikia kwa dereva yeyote wa Fuso. Ukipanda nusu gia, mzunguko wa injini unashuka kama moja ya tano: kutoka 1,500 kwa dakika unaangukia 1,200 hivi. Ukipanda gia nzima unashuka zaidi ya theluthi: kutoka 1,500 unakuwa chini kidogo ya 1,000. Injini yetu ina nguvu nzuri kati ya 1,100 na 1,500. Chini ya 1,000 ukiwa na mzigo, gari linatetemeka mpaka vioo. Kwa hiyo kabla ya kugusa kirungu unatakiwa kujua mshale wa mzunguko utaangukia wapi. Nilijishangaa: miaka minne nimekuwa nikibadilisha gia kwa kusikia injini inalia, basi.

Kutoka bandarini alishika usukani mwenyewe. Barabara ya Mandela, Ubungo, Kimara, foleni hadi Kibamba. Nilimtazama miguu. Magari madogo yalikuwa yanaruka mbele hatua tano, yanasimama. Yeye aliweka gia ndogo, akaachia klachi yote, gari likatambaa lenyewe bila mafuta, akaacha nafasi mbele ndefu kiasi cha daladala mbili kuchomeka. Wakachomeka. Hakujali. Kati ya Ubungo na Kimara alisimama mara mbili tu, na kila aliposimama aliweka frii na handbreki, mguu ukatoka kwenye klachi kabisa. Wengi tunapumzisha mguu pale juu ya pedali tukidhani hatuigusi. Tunaigusa, na klachi ya semi ikiungua barabarani gari halisogei hata hatua moja.

Mzani wa Vigwaza ulisoma tani 47 na ushei. Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2016 inamruhusu mwenye ekseli nyingi zaidi kufika tani 56, nasi tulikuwa ndani ya kikomo chetu, lakini kwangu ile namba ilikuwa nzito. Fuso yangu na nyanya zake haifiki hata nusu ya hapo.

Chalinze tukanywa chai, nikapewa usukani. Kuondoka: mbili ya chini, achia klachi mpaka uisikie inashika na pua ya gari inainuka kidogo, ndipo utoe handbreki, ndipo mafuta. Ikishashika, mguu uondoke. Tambarare mjomba alinitaka niruke gia nzima nzima, mbili, tatu, nne, zote nusu ya chini, maana gari lilikuwa na pumzi. Nusu nusu tulianza kuzitumia gia ya tano na ya sita. Nilikwaruza mara nne kabla ya Morogoro, zote pale pa kutoka tatu kwenda nne, ambapo renji inabadilika na kirungu kinarudi mwanzo wa njia. Kwa Fuso ukitoka tatu unakwenda mbele yake. Hapa unarudi nyuma ili uende mbele, na mkono wangu ulikuwa unakataa kuamini.

Tulilala Msamvu. Usiku nilikuwa nabadilisha gia kitandani.

Siku ya pili: Morogoro – Ruaha Mbuyuni

Asubuhi Mikumi. Twiga wawili kando ya barabara, mmoja na mtoto wake, na swala wasiohesabika. Ndani ya hifadhi kuna matuta mengi, na mjomba alisema matuta ndiyo chuo.

Kosa langu la kwanza lilikuwa la Fuso. Nikiona tuta, napangua: sita, tano, nne, tatu, kila gia na klachi yake, injini inapiga kelele kila mara. Mjomba akanizuia. Kwenye tambarare, kupunguza mwendo ni kazi ya retada, kile kifaa cha kulizuia gari bila breki za matairi, na breki. Acha gari ndani ya gia ile ile lipungue mpaka mshale ukaribie 1,000, halafu chagua gia moja tu, ile ya kuondokea tuta. Kukanyaga klachi mara moja badala ya mara tatu. Baada ya tuta la kumi hivi nilianza kuipata: retada, breki, klachi, tatu ya juu, tuta, mafuta. Utingo nyuma akaacha kushikilia chuma cha dirisha.

Halafu ikaja milima ya Iyovi, na hapo ndipo nilipojua sijui.

Tulikuwa tunapanda na nne ya chini. Mwendo kilomita 25 kwa saa, zikawa 22. Mshale ukashuka 1,200, nikasema ngoja, pengine linatosha. Ukafika 1,100. Mjomba kimya. Nikaamua kupangua niende tatu ya juu. Katika gia zote za boksi lile, hii ndiyo yenye mambo mengi kwa pamoja: unashusha renji, unapandisha splita, na kirungu unakitoa njia ya kwanza unakipeleka ya tatu. Nikapandisha splita. Nikakanyaga klachi. Nikatoa kirungu, nikakipeleka. Renji nikaisahau juu.

Mahali pa tatu pakawa sita ya juu. Nilipoachia klachi injini ilitikisika mara mbili kama inakohoa ikataka kuzima, nikakanyaga klachi tena kwa hofu, nikatoa kirungu, na sasa tulikuwa frii, tani 47, mlimani, nyuma yetu basi la abiria.

"Breki," mjomba akasema. Sauti ile ile ya kuagizia chai. "Ya mguu. Mpaka mwisho. Haya, handbreki. Hazadi."

Utingo alikuwa ameshafika chini na kigingi cha mbao kabla sijamaliza kuvuta handbreki. Akakiweka nyuma ya tairi la kichwa, akakata matawi, akayapanga barabarani nyuma yetu, na pembetatu juu yake. Basi likatupita.

Mikono ilikuwa inatetemeka. Mjomba hakunigombeza. Alinieleza kilichotokea, na maelezo yale ndiyo nitakayokuwa nayo maisha yangu yote ya barabarani.

Kusahau renji ni kosa la mkono, litaisha kwa mazoezi. Kosa kubwa lilikuwa kabla ya hapo. Hata kama ningeikumbuka renji, tatu ya juu ilikuwa imeshachelewa. Kwenye mlima mkali gari zito likiwa frii halingojei mtu: sekunde 2 za kuhangaika na kirungu zinakula kilomita 5 hadi 6 za mwendo. Mimi nilikuwa na 21. Nilichagua gia ya 21, wakati gia ikiingia nitakuwa na 15. Kwa 15, tatu ya juu ingeniweka chini ya 1,000 tena, ningepangua tena, ningepoteza zaidi, mpaka nisimame.

"Unachagua gia ya mwendo utakaokuwa nao, usichague ya mwendo ulio nao," akasema. "Ukiwa tambarare hizo mbili ni karibu kitu kimoja. Mlimani ni vitu viwili."

Kwa hiyo: pangua mapema, mshale ukiwa bado 1,300 na injini bado inavuta, na mlima ukiwa mkali usitafute nusu gia, shuka gia nzima. Na pale pa kuvuka renji, vuka kabla mlima haujakaza, ili kwenye ukali wenyewe mkono ubaki na kazi ndogo tu ya splita.

Kuondoka pale tulitumia gia ya kutambaa. Klachi ikashika, pua ikainuka, handbreki, mafuta kidogo, likatoka bila kurudi nyuma hata inchi. Utingo akakimbia na kigingi chake, akarudi akaondoa matawi yote. Nalisema hili kwa uchungu kwa sababu njia hii nimeshuhudia mawe yaliyotegeshewa matairi yakaachwa katikati ya lami, gari limeondoka zamani. Usiku mwendesha pikipiki halioni jiwe. Ukiweka, ondoa.

Tukashuka hadi bonde la mibuyu, Ruaha Mbuyuni. Joto. Nilikula wali na maharage bila kusikia ladha.

Siku ya tatu: Kitonga, Iringa

Mjomba aliniuliza asubuhi kama nataka apande yeye. Nikasema napanda mimi. Akafurahi, ingawa hakusema.

Kitonga kwa asiyeijua: unatoka bonde la Ruaha kwenye joto, unaukwea ukingo wa nyanda za juu, ukuta upande mmoja na korongo upande wa pili, barabara nyembamba yenye kona zinazojirudia. Gari moja likikwama katikati, foleni inalala. Kila dereva wa njia hii ana siku yake ya Kitonga.

Kabla ya mlima tulisimama Mahenge. Tukapima maji, tukatazama geji ya upepo, maana upepo ukipungua renji haibadiliki. Mjomba akaniambia nitaje, kwa mdomo, nitapanda na gia gani na nitapangua wapi. Nikataja: naingia na nne ya chini, kabla ya kona ya kwanza navuka kwenda tatu ya juu, nikiona mshale 1,300 nateremka tatu ya chini kwa splita tu, nakaa hapo. Kwenye kona kali za kulia, mbili ya juu kama kuna gari mbele.

Nilivuka renji mapema mno safari hii, injini ikapiga kelele 1,800. Mjomba akasema sawa, afadhali hivyo. Kisha tatu ya chini. Na hapo nikagundua kitu ambacho Fuso haikunifundisha: ukishapata gia yako mlimani, kazi imekwisha. Mshale ulisimama 1,500, mwendo kilomita 19, na gari likapanda kama linavutwa kwa kamba. Kelele moja isiyopanda wala kushuka. Mkono wa kushoto nikauondoa kwenye kirungu, maana mjomba hapendi kuona mkono umelala pale. Uzito wa mkono unasukuma uma wa gia ndani ya boksi, unakula taratibu. Nikashika usukani kwa mikono miwili na kwa mara ya kwanza nikaiona Kitonga yenyewe, nyani kwenye ukingo wa mawe, misitu iliyokauka, lori jekundu chini sana mahali tulipokuwa dakika chache zilizopita.

Kwenye kona moja tulikuta lori la mizigo limesimama upande wetu, moshi unatoka chini ya kabini. Ilibidi nisimame, ningojee wanaoshuka wapite. Kuondoka kwenye kona, mlimani, watu wanatazama. Gia ya kutambaa. Nikangoja klachi ishike. Nilitaka kuongeza mafuta mapema, kama kila dereva mwenye wasiwasi anavyofanya, na mjomba akagusa goti langu: bado. Pua ikainuka. Handbreki. Likatoka. Tulipowapita nikasikia harufu ya klachi iliyoungua, si yetu, yao; harufu kama ya kucha zikichomwa. Vijana wawili walikuwa wamekaa kwenye kivuli cha tela yao, wamekata tamaa. Tuliwaachia maji dumu moja.

Ilula kina mama wakatukimbilia na nyanya kwenye sado. Nilinunua za kupeleka nyumbani, nikakumbuka zingeoza kabla hatujarudi, nikampa utingo apike jioni. Iringa mjini kule juu kilimani, tukalala Ipogolo.

Siku ya nne: Iringa – Makambako

Siku nyepesi. Mafinga baridi na misonobari, upepo wa Makambako. Barabara inapanda na kushuka kama mgongo wa ngamia, na nusu gia ndiyo zinatawala: sita ya juu, sita ya chini, tano ya juu, kirungu hukigusi, ni kidole tu na klachi. Nilianza kuteua splita kabla ya kilima, kidole kinatangulia, mguu unafuata pale injini inapoomba. Mjomba alisinzia. Niliichukulia kama cheti.

Siku ya tano: Makambako – Tunduma

Igawa, Chimala, Igurusi na mpunga wake. Kutoka hapo ni kupanda kuelekea Uyole, na upande wa pili wa barabara magari yanashuka. Inyala, Mlima Nyoka: majina haya ukiyasikia redioni mara nyingi ni habari ya lori lililokosa breki. Nilikuwa nikiyatazama yanayoshuka. Unayajua kwa sauti. Lililo kwenye gia linaunguruma, injini inalishikilia. Lililo frii linapita na mlio wa upepo na matairi tu, na dereva wake anadhani anaokoa dizeli. Mjomba alikuwa akitikisa kichwa kila likipita moja la namna hiyo.

Mbeya mjini akachukua usukani yeye. "Iwambi nitakuonyesha. Kitonga wakati wa kurudi utashusha wewe."

Mteremko wa Iwambi unakwenda Mbalizi, na chini yake kuna watu, maduka, bajaji, watoto wa shule. Alisimama juu kabisa. Akashuka, akazunguka gari, akasikiliza kama kuna upepo unaovuja. Akaingiza tatu ya chini gari likiwa limesimama. Tukaanza kushuka kwa mwendo wa mtu anayekimbia, retada imewashwa, na chini nzima breki ya mguu aliigusa mara tatu: kukanyaga kwa nguvu, mwendo ukapungua, kuachia kabisa. Hakuilalia. Breki inayolaliwa mteremko mzima inapata moto, na ikishapata moto haishiki, na ndipo mtu anapokumbuka gia. Lakini hapo gia haiingii tena: akitoa kirungu ili apangue, gari linakimbia kuliko meno ya gia ndogo yanavyoweza kupokea, linabaki frii, na sasa hana injini wala breki.

Aliyanena haya taratibu, macho mbele. Njiani hapa alizika rafiki.

Senjele, Mlowo, Vwawa, mzani wa Mpemba. Tukaingia Tunduma saa mbili usiku.

Siku ya sita na ya saba: Tunduma

Kushusha mbolea kulichukua siku mbili kwa sababu ghala lilikuwa limejaa. Foleni ya magari yanayongoja kuvuka kwenda Nakonde, upande wa Zambia, ilikuwa ndefu, na yadi tuliyoegesha ilikuwa imechanganyika Watanzania, Wazambia, Wakongo.

Jirani yetu alikuwa Mzambia mwenye Freightliner kuukuu yenye boksi la Fuller la gia 13. Akimwita mjomba "mudala", kama Wazambia wanavyowaita wazee. Mjomba akamwomba anionyeshe, akakubali bila maneno mengi, tukazunguka naye yadi nzima na kichwa kitupu.

Boksi lile ndani halina ile bangili inayosawazisha kasi ya meno kabla hayajakutana. Scania inakufanyia kazi hiyo. Fuller inakuachia wewe. Kupanda gia: klachi, toa kirungu frii, achia klachi, ngoja mzunguko ushuke, klachi tena, ingiza. Kupangua: klachi, toa frii, achia klachi, piga resi kidogo kupandisha mzunguko, klachi, ingiza. Klachi mbili kila gia. Na tofauti na ya kwetu, njiani unaikanyaga nusu tu. Ukiifikisha chini kabisa unagusa breki ndogo iliyo mle ndani, ambayo ni ya kusimamisha meno gari likiwa limesimama ili uingize gia ya kwanza. Ukiigusa ukiwa kwenye mwendo unaiharibu, na gia haiingii.

Nilikwaruza sana. Sauti ile inaumiza, unaisikia kwenye meno yako mwenyewe. Yeye hakunishika mkono. Alikuwa anapiga mdundo kwenye dashibodi kwa vidole, taa... taa-ta, na kila nilipoufuata mdundo wake kirungu kiliingia chenyewe kama kisu kwenye parachichi. Nilipokimbia mbele ya mdundo, kikakataa. Mwishoni akanionyesha anavyopanda gia bila klachi kabisa, anapunguza mafuta, anatoa, anangoja, anaingiza, huku akinitazama usoni. Mimi siwezi, na mjomba alinikataza kujaribu kwa mwaka mzima.

Niliporudi kwenye Scania jioni ile mkono ulikuwa umebadilika. Ile "hesabu moja kimoyomoyo" ya Kurasini ilikuwa na maana sasa. Nilikuwa nimeyasikia meno yanavyotafutana.

Siku ya nane: Vwawa – Mafinga

Tulipakia mahindi Vwawa, tani 28, gunia juu ya gunia. Mjomba alishusha Inyala mwenyewe, mimi nikashika kuanzia Igurusi. Mvua Makambako. Kwenye lami iliyolowa mjomba anapunguza retada, kwa sababu retada inazuia matairi ya kichwa peke yake na tela inaweza kusukuma kutoka nyuma.

Siku ya tisa: Kitonga, kushuka

Tulifika juu saa nne asubuhi. Nikaegesha pembeni. Sikuambiwa, nilishuka mwenyewe, nikazunguka na utingo, yeye kushoto mimi kulia. Mabomba ya upepo. Mikanda ya mzigo. Nikapanda, nikakanyaga breki nikiwa nimezima injini, nikasikiliza. Kimya. Hakuna kinachovuja.

"Utashuka na ngapi?"

Tulipanda na tatu ya chini, kwa hiyo wazee wengi wangesema tatu ya chini. Nikasema mbili ya juu, kwa kuwa ni mara yangu ya kwanza na ningependa niwe na akiba.

"Haya."

Niliingiza gia gari limesimama. Renji chini, nikaitazama kwa macho, nikaigusa. Splita juu. Retada. Tukaanza.

Mteremko ulipokaza, gari likajaribu kukimbia, mshale ukapanda 1,700, 1,800, na injini ikaanza kunguruma sauti nzito ambayo ilikuwa inanishikilia mimi, mahindi na wote waliokuwa chini. Mwendo kilomita 18. Hapa mzunguko mkubwa ni rafiki: retada inamwaga joto lake kwenye maji ya injini, na pampu ikizunguka kwa kasi maji yanapoa. Nilikuwa nikiangalia geji mbili, ya mzunguko isivuke 2,000 kwenda kwenye mstari mwekundu, na ya maji. Mshale wa mzunguko ulipofika 1,950 nilikanyaga breki kwa nguvu, ukarudi 1,700, nikaachia. Nikahesabu. Mara ya pili kwenye kona ya lile lori lenye moshi, halikuwapo tena. Mara ya tatu, ya nne.

Nyuma yangu basi likapiga honi. Likapiga tena. Nikahisi mguu unataka kuacha breki, nipate kasi kidogo nimpishe. Mjomba akaweka mkono wake kwenye kioo cha pembeni upande wake, akakigeuza ili yeye mwenyewe asione nyuma.

"Huyo ana breki zake," akasema. "Wewe una zako."

Tulipofika chini, Mahenge, joto la bonde likaingia dirishani. Nikaegesha. Nikashuka nikazunguka tena, nikasogeza kiganja karibu na kila rimu bila kugusa, kama nilivyomwona mjomba akifanya Mbalizi. Za kichwa zilikuwa na uvuguvugu. Za tela vilevile. Utingo akazunguka upande wake akaniinulia dole gumba.

Mjomba alikuwa bado amekaa upande wa abiria, amefungua thermosi ya chai. Nikamwuliza kama atachukua usukani sasa. Akanimiminia kikombe, akaniambia ninunue vitunguu Mbuyuni, debe moja la mama yangu, halafu nivuke Iyovi mimi mwenyewe. Pale pa siku ile nisimame kidogo tuangalie kama matawi tuliondoa yote.